Sara Allgood: kwa nini mwigizaji mkuu wa Ayalandi aliishia kufungua milango Hollywood

Ukitazama filamu za Marekani za miaka ya 1940, zile za rangi nyeusi na nyeupe, kuna mwanamke mmoja utakayemwona mara kwa mara bila kulijua jina lake. Ni mnene kidogo, nywele amezibana nyuma, na macho yake yana huzuni hata anapocheka. Anafungua mlango. Analeta chai. Anamuuguza mgonjwa au kumwonya binti wa nyumba, kisha anatoka na hadithi inaendelea bila yeye. Jina lake ni Sara Allgood, na mara nyingi limewekwa chini kabisa kwenye orodha ya waigizaji.

Mwanamke huyohuyo alikuwa jukwaani usiku wa tarehe 27 Desemba 1904, Ukumbi wa Abbey ulipofunguliwa Dublin. Kwa miaka iliyofuata hapakuwa na mwigizaji wa kike aliyetegemewa kumzidi katika tamthilia ya Ayalandi, na mwaka 1924 akampa uhai Juno Boyle wa tamthilia ya Juno and the Paycock, mhusika ambaye waigizaji wa kike wa nchi ile hupimwa kwake hadi leo. Wasifu mfupi unaopatikana mtandaoni huyaweka mambo haya mawili sambamba kana kwamba moja linazaa jingine: alianzia huku, akamalizia kule. Kwa kweli moja halizai jingine, na kuelewa kilichotokea katikati inabidi turudi kwenye swali ambalo historia za Abbey hulipita haraka: ukumbi ule ulikuwa wa nani?

Darasa la jioni

Sara alizaliwa Dublin karibu mwaka 1880. Nyumbani walimwita Sally. Baba yake alikuwa Mprotestanti, mpanga herufi katika kazi ya uchapaji. Mama yake alikuwa Mkatoliki. Katika Dublin ya wakati ule ndoa ya namna hiyo haikuwa jambo dogo, kwa sababu kutaja dini yako kulikuwa karibu sawa na kusema uko upande gani, wa utawala wa Uingereza au wa wanaotaka kujitawala. Watoto walilelewa Kikatoliki. Baba alipofariki mambo ya nyumbani yaliyumba: Sara akapelekwa kujifunza ufundi wa makochi, na mdogo wake Molly akawekwa katika nyumba ya kulelea yatima, baadaye akawa muuzaji dukani.

Kilichomtoa Sara kwenye sindano na vitambaa vya makochi ni siasa. Mwaka 1900 mwanaharakati Maud Gonne alianzisha chama cha wanawake kilichoitwa Inghinidhe na hÉireann, yaani Mabinti wa Ayalandi. Kilipinga utawala wa Uingereza, kiliwafundisha watoto wa maskini historia na lugha ya kwao, na jioni kilikuwa na darasa la maigizo. Mwalimu wa darasa hilo alikuwa William Fay, fundi umeme kwa kazi yake ya mchana. Kaka yake, Frank, alikuwa karani. Hawakuwa wasomi wa chuo kikuu. Walikuwa watu wa ajira ya kawaida walioishi kwa ajili ya jukwaa, na Frank alishikilia jambo moja kupita kiasi: matamshi. Mwanafunzi wake hakuruhusiwa kumeza mwisho wa neno. Mwili ulitakiwa utulie ili sauti ifanye kazi. Wakati majukwaa ya London yamejaa watu wanaopunga mikono na kuzunguka huku mwenzao anazungumza, wanafunzi wa akina Fay walisimama kimya, na anayesema ndiye pekee aliyetazamwa. Sara alikuwa na sauti nzito ya chini, yenye joto, na mafunzo hayo yalimkaa kuliko yalivyomkaa mwingine yeyote.

Upande wa pili kulikuwa na waandishi. W. B. Yeats na Lady Gregory walitaka tamthilia ya taifa tangu 1899, lakini hawakuwa na waigizaji. Mwanzoni waliwachukua kutoka Uingereza, wakasikika jukwaani wakulima wa Ayalandi wanaozungumza kama watu wa London. Walipoungana na akina Fay, walipata kitu ambacho kalamu haiwezi kukitoa: watu ambao lugha ile ilikuwa yao. Sara aliingia katika jumuiya hiyo mwaka 1903 akianza na nafasi ndogo. Fedha za ukumbi zikatolewa na Annie Horniman, Mwingereza ambaye utajiri wa ukoo wake ulitokana na biashara ya chai. Jengo lilipatikana Abbey Street. Sehemu yake iliwahi kuwa mochwari.

Sasa tazama jinsi nyuzi zilivyosokotana. Fedha zilikuwa za Mwingereza. Maandishi na maamuzi yalikuwa ya Waprotestanti, Lady Gregory na mwandishi wa tamthilia J. M. Synge wakiwa wa koo za wenye mashamba. Na sauti zilizosikika jukwaani zilikuwa za makarani, wauza duka na washonaji, wengi wao Wakatoliki, waliokuja mazoezini baada ya saa za kazi. Mwanzoni wanachama walikuwa na kura juu ya tamthilia ipi ichezwe. Mwaka 1905 jumuiya ikageuzwa kampuni yenye wakurugenzi watatu, Yeats, Lady Gregory na Synge, na waigizaji wakawa waajiriwa wa mshahara. Baadhi walikataa wakaondoka, akiwemo Máire Nic Shiubhlaigh, aliyekuwa akipewa nafasi kubwa za kike. Kwao maigizo yalikuwa sehemu ya kupigania uhuru, na mshahara wa fedha za Kiingereza uliharibu maana yote.

Sara alibaki. Ni rahisi kumlaumu ukiwa umekaa mbali, lakini mimi namwelewa. Msichana aliyepelekwa kwenye ufundi kwa sababu baba amekufa haupokei mshahara wa wiki kama tusi. Kubaki kulimfungulia nafasi zote za juu zilizoachwa wazi. Vilevile kulimfanya mwajiriwa katika jumuiya ambayo muda mfupi kabla alikuwa na kura yake ndani yake, na hali hiyo ya kutegemewa kwa kila kitu bila kuamua chochote itamfuata maisha yake yote.

Kuzomewa na watu wa upande wako

Hapa inafaa kuwatenganisha madada wawili, maana huchanganywa sana. Molly alimfuata Sara Abbey, na ili wasifanane majina akajiita Maire O'Neill jukwaani. Synge alimpenda, wakachumbiana. Yeye mtu wa miaka thelathini na kitu wa ukoo wa Kiprotestanti wenye heshima zake, Molly msichana Mkatoliki aliyetoka nyuma ya kaunta. Ndugu wa Synge hawakufurahi. Hawakuwahi kuoana, Synge alifariki Machi 1909, akiwa na miaka 37.

Tarehe 26 Januari 1907 madada wote wawili walicheza katika tamthilia yake, The Playboy of the Western World. Kijana anaingia kwenye baa ya kijijini katika pwani ya Mayo, anasema amemuua baba yake, na badala ya kumkamata kijiji kinamfanya shujaa. Molly alikuwa Pegeen Mike, binti wa mwenye baa. Sara alikuwa Mjane Quin, mwanamke mjanja anayeona mapema kuliko wote kwamba kijana ni muongo, na anayemtaka hivyohivyo. Watazamaji walivumilia hadi sehemu ya tatu, kijana alipotaja wanawake waliosimama na shimizi tu. Ukumbi ukalipuka kwa kelele. Lady Gregory akampelekea Yeats, aliyekuwa Scotland, telegramu kumwarifu kwamba watazamaji wamevurugika kwenye neno shimizi.

Ukiisoma leo unaweza kudhani watu wale walikuwa wepesi wa kukasirika. Haikuwa hivyo. Kwa miongo mingi katuni na majukwaa ya London yaliwachora Waayalandi kama walevi, wajinga, wapenda fujo. Harakati za uhuru zilijibu kwa kumpandisha mwanamke wa kijijini, mcha Mungu na msafi, awe sura ya taifa. Na sasa ukumbi uliojiita wa taifa, unaoendeshwa na wakubwa wa Kiprotestanti, unaonyesha kijiji kizima kikimshangilia muuaji na wasichana wakimgombea. Hasira ilikuwa na sababu zake, ingawa kwa maoni yangu ilikosea kuilenga kazi iliyowapenda watu hao kwa undani kuliko wachoraji wa picha takatifu.

Vitabu husimulia wiki ile kwa kumfuata Yeats: aliita polisi, akaitisha mjadala, akawakabili wapinzani. Wachache hujiuliza waliokuwa jukwaani walifanya nini. Walicheza. Usiku baada ya usiku walimaliza tamthilia nzima ambayo kelele na miluzi iliimeza. Sara, Mkatoliki, aliyejifunza kuigiza katika chama cha wazalendo, alisimama akizomewa na watu ambao ni wake, kwa sababu ya maneno yaliyoandikwa na mwingine.

Hali hiyo ilivuka bahari. Katika ziara ya kwanza ya Abbey nchini Marekani, 1911 hadi 1912, Waayalandi wa New York walilirushia jukwaa viazi. Usiku uliofuata Theodore Roosevelt, rais wa zamani, akaja kukaa na Lady Gregory kuonyesha yuko upande gani. Philadelphia ikawa mbaya zaidi. Januari 1912 waigizaji walikamatwa kwa shtaka la kuonyesha mchezo usio wa maadili, na mwanasheria John Quinn alisafiri kutoka New York kuwatetea. Waliachiwa. Lakini angalia ni akina nani waliofikishwa mahakamani: wale wa mshahara.

Kati ya misukosuko hiyo Sara alikuwa akikua. Mwaka 1908 William Poel, mtu aliyejulikana kwa kuirudisha kazi ya Shakespeare kwenye uchezaji wa haraka usio na mapambo mengi, alimchukua acheze Isabella katika Measure for Measure huko Manchester. Isabella ni mtawa mwanafunzi anayeombwa mwili wake ili kaka yake asiuawe. Ni nafasi ya akili, hoja na hasira iliyobanwa. Nalitaja hili kwa sababu litahitajika mbele. Mtu aliyeweza kumbeba Isabella hakuzaliwa kucheza wapishi na wauguzi tu.

Kifo mara mbili

Mwaka 1916 alikwenda Australia na New Zealand na mchezo wa vichekesho ulioitwa Peg o' My Heart, kuhusu msichana fukara wa Kiayalandi anayepelekwa kuishi na ndugu zake wa Kiingereza wenye majivuno. Mchezo ulipendwa, ziara ikarefuka. Aliolewa huko na mwigizaji mwenzake, Gerald Henson. Januari 1918 alijifungua mtoto wa kike, na mtoto hakuishi. Novemba mwaka huohuo homa kuu ya mafua iliyozunguka dunia ikamchukua mumewe. Sara hakuolewa tena na hakupata mtoto mwingine.

Sipendi wasifu unaotafuta asili ya kila uigizaji katika msiba. Hata hivyo mwanamke aliyerudi Dublin hakuwa yule aliyeondoka, na nafasi iliyomngojea ilikuwa ya mama anayezika mwanawe.

Juno

Sean O'Casey alikuwa kibarua wa Dublin aliyekaribia miaka 44 pale Abbey ilipocheza Juno and the Paycock, tarehe 3 Machi 1924. Hadithi iko mwaka 1922, wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe, katika moja ya yale majumba ya zamani ya kifahari yaliyogawanywa vyumba vya kupangisha maskini. Baba wa nyumba, "Kapteni" Boyle, anapatwa na maumivu ya miguu kila inapotajwa kazi. Mwana, Johnny, amepoteza mkono vitani na anaogopa kivuli chake, kwa kuwa amemsaliti mwenzake. Binti, Mary, yuko kwenye mgomo. Anayekwenda kazini ni mama, Juno.

Familia inaambiwa kuna urithi unakuja. Wananunua samani kwa mkopo, gramafoni, wanaalika majirani waimbe. Katikati ya sherehe mama wa yule kijana aliyesalitiwa, Bi Tancred, anashuka ngazi za jengo hilohilo kwenda kuupokea mwili wa mwanawe, akiomba Mungu auondoe moyo wa jiwe, awape watu moyo wa nyama. Juno anamhurumia, lakini kama jirani tu; muda si mrefu gramafoni inaendelea. Kisha kila kitu kinaporomoka. Urithi haupo, binti ana mimba na mwanamume amekimbia, wenye mikopo wanabeba samani, na Johnny anachukuliwa kwenda kupigwa risasi. Juno anapoambiwa aende kuutambua mwili, anayarudia maneno ya Bi Tancred karibu neno kwa neno, sasa yakiwa ya kwake, na anajilaumu kwamba hakumlilia mtoto wa mwenzake alipopaswa.

Hapo ndipo mafunzo ya Frank Fay yalipolipa. Sala ile ikipigiwa kelele inakuwa maonyesho ya machozi. Sara aliisema akiwa ametulia, sauti ikiwa chini, na wanawake waliokaa ukumbini mwezi ule walikuwa wamezika watoto wao mwaka mmoja au miwili tu iliyopita. Wengine mwana upande huu wa vita, wengine upande ule. Mchezo ulivunja desturi ya Abbey ya kucheza wiki moja na kubadilisha. Lady Gregory aliandika katika shajara yake kwamba usiku kama ule ulimfanya ashukuru kuzaliwa. Mapato yaliunyanyua ukumbi uliokuwa taabani kifedha, na mwaka uliofuata serikali mpya ya Ayalandi ikaanza kuutolea ruzuku ya pauni 850.

Novemba 1925 Juno ilihamia London, na Sara pamoja nayo. Kwa hiyo hakuwepo Abbey Februari 1926, tamthilia nyingine ya O'Casey, The Plough and the Stars, ilipozua fujo mpya na Yeats akawaambia watazamaji wamejiaibisha tena. Ilipofika London Mei mwaka huo, Sara alicheza Bessie Burgess: Mprotestanti mlevi, mwenye mtoto katika jeshi la Uingereza, anayewatukana majirani zake wazalendo dirishani, kisha anakufa kwa risasi akimvuta jirani asisimame kwenye dirisha hilohilo. Anakufa akiimba wimbo wa kanisa. Binti wa yule mpanga herufi wa Kiprotestanti na mama Mkatoliki aliujua ulimwengu wa Bessie kutoka ndani ya nyumba yao, na London ilimshangilia.

Gramafoni ya puani

Filamu za sauti zilipofika, Sara alikuwa na miaka karibu hamsini. Mwongozaji Alfred Hitchcock alimweka katika Blackmail ya 1929, inayohesabiwa kuwa miongoni mwa filamu za kwanza za sauti Uingereza, kama mama wa msichana aliyemuua mwanamume kwa kisu akijitetea. Msichana huyo alichezwa na Anny Ondra, Mcheki, ambaye Kiingereza chake kilikuwa na lafudhi nzito, kwa hiyo Ondra alifumbua midomo huku Joan Barry akizungumza pembeni mwa kamera. Hiyo ndiyo hali ya teknolojia wakati ule: sauti haikuweza kuwekwa baadaye. Ilitakiwa isikike papo hapo.

Mwaka uliofuata Hitchcock akaigeuza Juno yenyewe kuwa filamu, Sara akiwa Juno na Molly akiwa jirani, Bi Madigan. Katika tukio moja familia inazungumza, gramafoni inaimba, na nje mazishi yanapita. Leo kila sauti ingerekodiwa peke yake. Hitchcock alisimulia kwamba alilazimika kuwajaza wote studio kwa pamoja: bendi ndogo, kundi la waombolezaji wanaosali, na mfanyakazi wa vifaa aliyeziba pua yake akaimba ili sauti itoke kama ya gramafoni. Kamera ilikaa karibu pale pale kama mtazamaji kwenye kiti chake. Hitchcock mwenyewe baadaye aliona haya kusifiwa kwa filamu ile, akisema haikuwa na lolote la sinema ndani yake. Huko Limerick wapinzani waliikamata, wakaichoma moto hadharani.

Kama kazi ya sinema, Hitchcock alisema kweli. Lakini ugoigoi ule wa kamera ndio uliotuhifadhia Sara. Hakuna mkato wa kumkatiza. Utulivu aliofundishwa jukwaani unafaa kamera kuliko mbwembwe zote za London, na hapa kuna kosa ninalotaka kuliondoa: husemwa kwamba waigizaji wa jukwaani kama yeye walishindwa na filamu kwa sababu walikuwa wakubwa mno, wa sauti ya kufikia viti vya nyuma. Si yeye. Tatizo lake kwenye filamu halikuwa ufundi.

Aproni

Mwaka 1940 Juno ilifufuliwa Broadway, mtaa wa kumbi za maigizo wa New York, Sara akiwa na Barry Fitzgerald, Kapteni wake wa tangu 1924. Baada ya hapo akabaki Marekani na kuhamia Hollywood. Alikuwa na miaka sitini. Mwaka mmoja tu baadaye mwongozaji John Ford, mtoto wa wahamiaji wa Kiayalandi, alimpa nafasi bora kuliko zote alizopata huko: Beth Morgan, mama wa familia ya wachimba makaa ya mawe katika How Green Was My Valley. Hadithi ni ya Wales, lakini Vita vya Pili vya Dunia vilizuia kupiga picha huko, kwa hiyo kijiji kizima kilijengwa katika vilima vya Malibu, California.

Mwanzoni mwa filamu ni siku ya malipo. Beth amekaa kwenye kiti langoni, na mumewe na wanawe wanapita mmoja mmoja wakidondosha mishahara yao kwenye aproni yake. Hasemi kitu. Uchumi wote wa nyumba ile unaeleweka kwa aproni moja iliyotandazwa. Baadaye, mgomo ukiwa umewagawa wachimbaji na mumewe akitishiwa, anapanda mlimani usiku wa baridi kali na mtoto wake mdogo, anasimama mbele ya mkutano wa wanaume, na kuwaambia kwamba mumewe akiguswa atawatafuta waliohusika na kuwaua kwa mikono yake miwili. Anaogopa, na anasema hivyohivyo. Ni Isabella na Juno kwa pamoja, dakika mbili.

Filamu ilishinda Oscar tano, ikiwemo ya filamu bora ya mwaka, mbele ya Citizen Kane. Donald Crisp, aliyecheza mumewe, alipata tuzo. Sara aliteuliwa kuwania ya mwigizaji msaidizi wa kike, ikaenda kwa Mary Astor.

Na baada ya hapo? Bessie mtumishi katika Jane Eyre. Mwenye nyumba ya kupangisha katika The Lodger, ambayo ni nzuri. Muuguzi anayefukuzwa na mgonjwa wake katika The Spiral Staircase. Mama wa wanamuziki, mama wa fulani, mpishi wa fulani, hadi Cheaper by the Dozen ya 1950. Alichukua uraia wa Marekani mwaka 1945.

Mfananishe na Barry Fitzgerald, kwa kuwa hapo jibu linajitokeza. Walitoka ukumbi mmoja, walicheza mke na mume katika mchezo uleule, wote wazee, wote na lafudhi ya Dublin. Fitzgerald alishinda Oscar kwa nafasi ya padri mzee katika Going My Way ya 1944 na kwa muda akawa nyota. Hollywood ilikuwa na rafu nzima ya wazee wa kiume wa Kiayalandi: padri, polisi, mlevi mcheshi, dereva wa gari la farasi mwenye maneno mengi. Hao huzungumza, mwandishi huwapa mistari mizuri. Kwa mwanamke wa Kiayalandi rafu ilikuwa na vitu viwili, mama na mtumishi, na sababu yake ni ya kihistoria kabisa. Katika karne ya 19 maelfu kwa maelfu ya wasichana wa Ayalandi walihamia Marekani peke yao na wengi wakawa wapishi na wafanyakazi wa ndani katika nyumba za miji ya mashariki. Katuni na vichekesho vikamfanya "Bridget" wa jikoni awe mtu wa kuchekwa, na sinema ikamrithi. Waandishi wa filamu walipousikia mdomo wa Sara, walisikia jiko.

Kuna uchungu zaidi hapo. Umama wenyewe hakuupewa na Hollywood, aliuleta. Alikuwa ameujenga Abbey katika Riders to the Sea ya Synge, alikoanza kama binti mwaka 1904 na baadaye kuchukua nafasi ya mama mzee ambaye bahari imemmalizia wanawe wote, kisha kwa Juno. Lakini mama wa Synge na wa O'Casey ndiye anayebeba hoja ya mchezo; mwisho ni wake. Hollywood ilichukua sura hiyohiyo, aproni hiyohiyo na lafudhi hiyohiyo, ikamwondolea hoja. Ford peke yake aliona kilichokuwa ndani. Na Sara, kama ilivyokuwa tangu 1905, hakuwa na nafasi ya kuchagua kinachochezwa. Alichagua tu kubaki kazini.

Alifariki California tarehe 13 Septemba 1950 kwa mshtuko wa moyo. Mwaka uliofuata jengo la kwanza la Abbey liliungua. Molly naye alifariki 1952 Uingereza, baada ya kuungua moto. Sara alikuwa ameandika kumbukumbu za maisha yake, zikabaki bila kuchapishwa, wakati barua, shajara na wasifu wa Yeats, Lady Gregory na Synge vimechapishwa tena na tena. Ndiyo sababu hadithi ya Abbey tunayoijua ni hadithi ya waandishi.

Anayetaka kumwona aanze na Juno ya 1930, pamoja na udhaifu wake wote, kwa sababu ndipo mahali ambapo uigizaji ule wa 1924 umebaki, angalau kwa sehemu. Sauti ina mikwaruzo na lahaja ya Dublin ni ngumu kwa sikio lisiloizoea, kwa hiyo itafute yenye maandishi chini. Kisha How Green Was My Valley, na ukifika mlimani usimtazame mtoto wala theluji. Msikilize anavyomaliza kila neno hadi mwisho wake, kama alivyofundishwa na yule karani.